Kapu la "Mengineyo"

Prodyuza wa Kampala akikupa wimbo, anakupa faili moja. Kwenye kompyuta yake wimbo huohuo umelala vipande vipande: ngoma, besi, gitaa, kinanda, sauti ya mwimbaji, waitikiaji. Vipande hivyo ndivyo stemu.

Sikiliza stemu za kidandali, muziki wa pop wa Uganda, mojamoja utashangaa zilivyo maskini. Gitaa lina noti chache zinazojirudia. Kinanda kinajichomeka kwenye mapengo ya gitaa, kisha kinanyamaza. Sauti ya mwimbaji, ambayo mara nyingi hurekodiwa zaidi ya mara moja ili inenepe, ikivuliwa mwangwi inabaki na pumzi na midomo. Ile tuni uliyokuwa ukiiimba kwenye bodaboda huipati popote.

Watu wa Buganda walilijua hili kabla ya umeme. Amadinda, marimba yao, ina mbao 12 na wapigaji watatu. Wa kwanza hupiga okunaga; wa pili, okwawula, huingiza mapigo yake katikati ya mapigo ya mwenzake; wa tatu, okukoonera, hudaka noti mbili za chini kabisa na kuzirudia juu. Evaristo Muyinda, aliyekuwa mwanamuziki wa Makumbusho ya Uganda, alimfundisha ala hiyo Gerhard Kubik wa Austria. Mwaka 1962 Kubik alichapisha maelezo yake: sikio hukusanya noti zinazokaribiana kimo na kuziunga kuwa tuni ambazo hakuna mpigaji hata mmoja anayezipiga.

Ndiyo maana nazitilia shaka programu za kutenganisha nyimbo zilizokwisha kuchanganywa. Spleeter, iliyotolewa na Deezer ya Ufaransa mwaka 2019, inaweza kugawa wimbo mafungu manne: sauti, ngoma, besi na mengineyo. Kwa anayetaka kuimba karaoke, inatosha. Kwa kidandali, katika mgawo huo wa manne, gitaa na kinanda, wale wawili wanaojibizana, wanatupwa pamoja kwenye kapu la "mengineyo", na mazungumzo yao hayatenganishiki tena. Embuutu nayo, ngoma kubwa yenye mvumo mzito, inaweza kuangukia fungu la besi.

Kwa hiyo ukitaka kujua wimbo ulivyojengwa, mwombe prodyuza stemu zenyewe. Atasita, maana mwenye stemu anaweza kutoa rimiksi bila kumwuliza mtu. Akikubali, zima gitaa kwanza, uache kila kitu kingine.