Oda ya Jumapili, Tingatinga la Jumatatu

Jumapili, tarehe 3 Mei 2020, Mahakama ya Mazingira na Ardhi ilitoa oda ya kuzuia nyumba za Kariobangi, Nairobi, karibu na mitambo ya majitaka, zisibomolewe. Jumatatu asubuhi matingatinga yaliingia, polisi wakiyalinda, katikati ya kafyu ya korona. Maelfu walilala nje. Hadi leo watu wa Dandora, Kayole na Umoja wananiuliza: korti ikishasema, anayebomoa si aende ndani?

Kwenda ndani kupo, kwa kudharau mahakama. Sheria ya mahakama hiyo ya mwaka 2011, kifungu cha 29, inaweka faini isiyozidi shilingi milioni 20, kifungo kisichozidi miaka 2, au vyote viwili. Ila njia ya kufika huko ni nyembamba. Kwa kuwa mtu anaweza kupoteza uhuru wake, jaji hudai ushahidi mzito kuliko wa kesi ya kawaida ya ploti, ingawa haufiki ule wa kesi ya jinai. Kwa hilo mawakili hutaja kesi ya Mutitika dhidi ya Baharini Farm, ya 1985. (Sheria maalumu ya kudharau mahakama tulikuwa nayo, ya 2016, Jaji Chacha Mwita akaifuta 2018 kwa kuwa wananchi hawakushirikishwa ipasavyo, tukarudi kuazima taratibu za Uingereza. Aibu kidogo.)

Jaji atauliza: oda ilikuwa wazi? Mshtakiwa aliijua? Aliivunja makusudi? Maombi mengi hufia kwenye swali la pili. Oda ya Jumapili, nani aliifikisha kwa wakubwa kabla ya jogoo kuwika Jumatatu? Zamani ilibidi mtu akabidhiwe mkononi. Mwaka 2015 Mahakama ya Rufaa, katika kesi ya Shimmers Plaza na National Bank, ilisema kujua kunatosha. Wakili wa mshtakiwa akiwepo oda ikitolewa, naye ameijua.

Lakini lazima uthibitishe kuwa aliijua yule unayemshtaki, na kumpungia dereva wa tingatinga karatasi hakukufikishi kwa aliyemtuma. Peleka nakala ofisini kwake na kituo cha polisi, igongwe muhuri, andika saa na jina la aliyepokea, piga picha. Anayepeleka aape hati ya kiapo siku hiyohiyo, kumbukumbu ikiwa bado mbichi. Tena taja mtu kwa jina na cheo. Kampuni haina miguu ya kuingia jela, mkurugenzi anayo.

Na hata ukishinda, faini ni ya serikali. Haiingii mfukoni mwako, kwa sababu aliyedharauliwa ni korti. Mara nyingine mkubwa huomba radhi tu, jaji akamwachilia. Thamani ya mabati, vitanda na masufuria yaliyosagwa hudaiwa kwenye kesi yenyewe ya ardhi. Wakili akikimbizana na maombi ya dharau, wewe kaa kwenye vifusi na daftari, uhesabu kimoja kimoja.