Lulu Iliyokwenda Upande

Mfanyabiashara wa lulu huitaka ile iliyo mviringo. Iliyokwenda upande Wareno waliiita barroco, na inasemekana ndiko lilikotoka jina la Baroko, yaani sanaa iliyoenea Ulaya tangu mwaka 1600 hivi mpaka kiasi cha 1750. Jina hilo halikuwa sifa. Wahakiki wa karne ya 18 walilitumia kuzikejeli kazi walizoziona zimepotoka na kujaa mapambo kupita kadiri. Je, kejeli hiyo ilikuwa ya haki?

Tabia ya kwanza ya Baroko ni mwendo. Sisi Waislamu hatuchongi masanamu ya Mitume, lakini mfano huu watufahamisha. Mwaka 1504 Michelangelo alimaliza sanamu ya Nabii Daudi amesimama, ametulia, hajarusha jiwe. Mwaka 1624 Bernini alimaliza ya kwake: kiwiliwili kimepinda, midomo imeumwa, jiwe li karibu kutoka.

Ya pili ni nuru kupambana na giza. Katika kanisa moja la Rumi imo picha ya Caravaggio ya mwaka 1600. Watoza ushuru wamekaa mezani na fedha zao, chumba kina giza, mara mwanga waingia kwa ubavuni kumtafuta mmoja wao.

Ya tatu ni lugha ya mafumbo. Huko Uhispania, Góngora alipindua mpango wa maneno mpaka msomaji akatoka jasho. Quevedo, hasimu wake, alipenda fikira nyingi katika maneno machache. Wakakejeliana kwa mashairi, jambo ambalo kwetu sisi watu wa malumbano si geni.

Lakini kiini ni tabia ya nne: dunia ni mapito. Ulaya ilikuwa imepigwa na tauni, na vita vya miaka 30 vikateketeza nchi za Wajerumani tangu 1618 hadi 1648. Basi Waholanzi wakachora maua na vyombo vya thamani, na kando yake fuvu la mtu. Naye Calderón, katika mchezo uliochapishwa 1636, alimtoa mwana wa mfalme kifungoni, akamweka katika enzi siku moja, kisha akamrudisha minyororoni aambiwe kuwa alikuwa akiota.

Msomaji wa pwani hapo humkumbuka Sayyid Abdallah bin Ali bin Nasir na Al-Inkishafi yake. Sisemi kuwa alijifunza kwao. Lakini naye aliyasifu kwanza majumba ya Pate, taa na vyombo vyake, ndipo akatuonyesha popo wakining'inia ndani. Lau asingalipamba, tusingaliona kilichopotea.

Basi kejeli ile haikuwa ya haki. Pambo lenye mazingatio ndani yake si ubadhirifu. Lisilo nayo ni kaka la yai: jeupe, zuri, na ndani hamna kitu. Vijana watungao leo na walipime kwa mizani hiyo.