Hatimiliki pekee haizuii tingatinga

Mnunuzi wa kiwanja akishalipa fedha zake na kukabidhiwa hatimiliki, hudhani kuwa kazi imekwisha. Siku serikali inapokuja na tingatinga kufungua barabara, ndipo hugundua kuwa mahakama inataka zaidi ya karatasi hiyo.

Somo hilo limetoka Mombasa. Mwezi Septemba 2017, serikali ya kaunti ilivunja ukuta wa kiwanja kimoja cha Nyali ili kufungua njia ya umma ya kwenda ufukweni. Kampuni ya Dina Management, iliyokuwa imekinunua kiwanja hicho kwa kampuni nyingine na kusajiliwa kuwa mmiliki, ikaenda mahakamani kudai haki yake.

Mahakama haikuishia kwenye hati. Ilirudi nyuma hadi mwaka 1989, kiwanja kilipogawiwa kwa mara ya kwanza, kwa Rais wa wakati huo, Daniel arap Moi. Ilibainika kuwa eneo hilo lilikuwa limetengwa kuwa uwanja wa wazi. Kwa hiyo lilikuwa ardhi ya umma, wala halikufaa kupewa mtu binafsi.

Tarehe 21 Aprili 2023, Mahakama ya Juu ya Kenya ilitupilia mbali rufaa ya kampuni. Iliamua kuwa hati ni matokeo ya mwisho ya utaratibu. Utaratibu ukiwa na kasoro, mnunuzi hawezi kujikinga kwa kusema alinunua kwa nia njema.

Kwa mwekezaji mdogo, hasara hapa ni kubwa. Ibara ya 40 ya Katiba ya Kenya ya mwaka 2010 inaitaka serikali kulipa fidia ya haki inapotwaa mali ya mtu. Lakini ibara hiyo hiyo haiilindi mali iliyopatikana kinyume cha sheria. Anayeshindwa kuthibitisha asili ya hati yake hupoteza kiwanja na fidia kwa pamoja, na kama alikiweka rehani benki, deni linabaki shingoni mwake.

Basi kabla ya kulipa, mnunuzi atake kuona barua ya ugawaji wa kwanza, risiti za malipo yake, mpango wa eneo ulioidhinishwa, ramani ya upimaji, na hati za kila uhamisho hadi kwa muuzaji wa leo. Ramani za zamani zikaguliwe pia, kuona kama mahali hapo palitengwa kwa barabara, shule au uwanja. Viwanja vya ufukweni na vya kando ya barabara kuu ndivyo vya kuchunguzwa zaidi.

Muuzaji asiyeweza kuonyesha mlolongo huo anauza kesi, si kiwanja, hata kama bei yake ni nafuu. Wahenga walisema mali bila daftari hupotea bila habari. Kwa ardhi, daftari hilo lianzie kwa mmiliki wa kwanza.