Kambi ya Jeshi na Sanduku la Kura: Funzo la Burundi

Wako watu wasemao kwamba ugomvi wa Burundi ni chuki ya tangu na tangu baina ya Wahutu na Watutsi, na kwamba jirani hana la kufanya ila kusikitika. Sisi hatuukubali usemi huo. Warundi wote, Wahutu, Watutsi na Watwa, husema lugha moja, Kirundi. Hukaa katika vilima vile vile, na kabla ya kuja wageni walimtii Mwami mmoja. Ikiwa sisi wa Tanzania, wenye makabila zaidi ya 100 na lugha zisizosikilizana, tumeweza kukaa nyumba moja, haiwezekani kuwa watu wa lugha moja wachinjane kwa sababu ya damu peke yake. Chanzo hakina budi kutafutwa pengine, nasi twakiona mahali pawili: katika ofisi ya mkoloni, na katika lango la kambi ya jeshi.

Wabelgiji, walioitwaa Burundi kutoka kwa Wajerumani mwaka 1916, hawakuyaumba majina ya Uhutu na Ututsi. Majina hayo yalikuwako. Walilolifanya ni kuyageuza kuwa ngazi ya kupandia na kushukia. Machifu wa Kihutu waliondolewa mmoja mmoja katika utawala, na nafasi bora za shule zikawekewa hasa wana wa wakubwa wa Kitutsi na wa ukoo wa kifalme. Mtoto akazaliwa tayari karani, na mwenzake akazaliwa tayari mchukuzi wa mizigo. Mbegu ilipandwa hapo.

Hata hivyo njia nyingine ilikuwako. Mwana wa Mwami, Louis Rwagasore, aliongoza chama cha UPRONA, chenye wafuasi wa pande zote, kikashinda uchaguzi wa Septemba 1961 kwa viti 58 kati ya 64. Tarehe 13 Oktoba mwaka ule ule alipigwa risasi na kufa. Aliyemwua alikuwa Mgiriki aliyetumwa na wapinzani wake wa siasa. Burundi ikapata uhuru tarehe 1 Julai 1962 ikiwa yatima.

Mwaka 1965 ulikata shauri la mambo yote yaliyofuata. Januari aliuawa Waziri Mkuu Pierre Ngendandumwe, Mhutu. Mwezi Mei Wahutu walipata viti 23 kati ya 33 vya Bunge, lakini Mwami akamchagua mtu wa ukoo wa kifalme kuwa Waziri Mkuu. Waliokuwa wamenyimwa matunda ya kura wakajaribu bunduki: Oktoba askari wa Kihutu waliasi, wakashindwa, na maafisa na wanasiasa wa Kihutu wakauawa. Tangu hapo jeshi likawa mali ya upande mmoja. Mwaka 1966 Kapteni Michel Micombero aliuondoa ufalme. Mwaka 1976 akapinduliwa na Jean-Baptiste Bagaza. Mwaka 1987 Bagaza naye akapinduliwa na Meja Pierre Buyoya. Wote watatu walikuwa wanajeshi, na wote watatu walitoka Rutovu, katika mkoa wa Bururi. Hata Mtutsi wa mkoa mwingine aliweza kuuliza: je, jeshi hili ni langu?

Mwaka 1972 ulionyesha maana ya jeshi la namna hiyo. Mwishoni mwa Aprili waasi wa Kihutu waliwaua Watutsi wengi kusini mwa nchi. Jibu la serikali halikuwa kuwatafuta wenye hatia. Lilikuwa kumtafuta kila Mhutu aliyejua kusoma. Waalimu, makarani, wauguzi, mapadre na wanafunzi waliitwa kwa orodha, wakapakiwa katika malori, wasirudi. Idadi ya waliouawa hukisiwa kuwa baina ya 100,000 na 300,000. Waliookoka walivuka mpaka, nasi tukawapokea Ulyankulu, Katumba na Mishamo. Waligeuza pori kuwa mashamba, na mwaka 2014 zaidi ya 160,000 kati yao na watoto wao walipewa uraia wa Tanzania. Kwa hiyo asituambie mtu kwamba mambo ya Burundi hayatuhusu.

Ndipo twafika mwaka 1993, mwaka ambao kila mpenda demokrasia yampasa aufikirie. Uchaguzi wa Juni ulikuwa wa haki. Melchior Ndadaye wa chama cha FRODEBU alipata kura karibu 65 katika kila 100, na Buyoya akakubali kushindwa. Ndadaye aliunda serikali yenye Watutsi ndani yake, na Waziri Mkuu wake, Sylvie Kinigi, alikuwa mwanamke wa Kitutsi. Lakini askari walikuwa wale wale, na maafisa wale wale. Tarehe 21 Oktoba, baada ya siku zisizotimia 105, wanajeshi walimwua Rais huyo. Katika vilima Wahutu wenye hasira waliwaangukia jirani zao. Watutsi wengi, wake kwa waume na watoto, waliuawa, na huko Kibimba wanafunzi wa Kitutsi walichomwa moto. Jeshi nalo likawaua Wahutu. Vita vilivyozaliwa siku hiyo viliua watu wapatao 300,000.

Funzo letu ni hili: sanduku la kura lilibadilishwa, lango la kambi halikubadilishwa. Mwenye kushinda alipewa kiti, aliyeshindwa akabaki na bunduki. Mhutu aliiogopa bunduki hiyo kwa kuwa ilimwua mwaka 1972. Mtutsi, ambaye ni mmoja kati ya watu saba hivi, aliogopa kuiachia, akiamini kwamba siku atakapoiachia ndiyo siku ya kufa kwake. Hofu zote mbili zilikuwa za kweli. Hakuna kura iwezayo kuponya hofu mbili za namna hiyo, kwa sababu kuhesabu vichwa humpa ushindi mwenye vichwa vingi tu.

Sisi Watanganyika twalijua jambo la kambi. Januari 1964 askari tuliowarithi kwa Mwingereza waliasi. Mwalimu Nyerere hakuridhika kuwaadhibu wachache. Alilivunja jeshi lile lote, na likaundwa jingine la wananchi. Mwalimu huyo huyo ndiye aliyekabidhiwa usuluhishi wa Burundi mwaka 1996. Buyoya alipotwaa nchi tena kwa nguvu mwezi Julai mwaka ule, wakuu wa nchi jirani walikutana Arusha wakaiwekea vikwazo, vilivyodumu mpaka Januari 1999. Hatufichi kwamba vikwazo hivyo viliwaumiza wanyonge kuliko wakubwa. Wapiganapo tembo, ziumiazo ni nyasi. Mwalimu alifariki Oktoba 1999 kazi haijaisha, Nelson Mandela akaipokea, na tarehe 28 Agosti 2000 mapatano yakatiwa sahihi Arusha.

Mapatano yale yaliligusa donda lenyewe. Katiba ya mwaka 2005 iliweka Wahutu 60 na Watutsi 40 katika kila 100 Bungeni na serikalini, nusu kwa nusu katika Seneti, na viti vitatu vilivyotengwa kwa Watwa Bungeni. Juu ya yote, jeshini hakuna kundi liwezalo kuzidi nusu. Wapiganaji wa msituni wa CNDD-FDD, waliokubali kusimamisha vita Novemba 2003 mjini Dar es Salaam, waliingizwa katika jeshi lile lile walilopigana nalo. Mhutu na Mtutsi wakalala banda moja na kula sufuria moja. Kwa maoni yetu hilo lilikuwa jambo kubwa kuliko uchaguzi wowote.

Lakini lisikuzwe kupita kiasi. Mwaka 2015 Rais Pierre Nkurunziza alipotaka kipindi cha tatu, damu ilimwagika tena, kikundi cha maafisa kikajaribu mapinduzi tarehe 13 Mei, na wakimbizi wakajaa tena katika kambi ya Nyarugusu. Tofauti ni hii: aliyeongoza mapinduzi, Jenerali Godefroid Niyombare, alikuwa Mhutu kama Rais, na waandamanaji walitoka pande zote. Ugomvi haukuwa wa kabila tena. Ulikuwa wa madaraka. Mizani ya makabila huzuia kundi moja lisilimeze jingine, lakini haiwezi kuwazuia wakubwa wa makundi yote wasiimeze sheria.

Sasa lipo shauri mbele ya Warundi. Katiba yao ya mwaka 2018 iliipa Seneti miaka mitano kupima kama mgawanyo huo wa makabila uendelee au ukome. Wapo wasemao kwamba kumhesabu mtu kwa kabila ni kuuendeleza ukabila, na kwa mafundisho ya uhuru wetu hoja hiyo yatuvuta. Hata hivyo twatoa rai moja kwa heshima. Gongo la mgonjwa halitupwi kwa sababu ni baya kutazamwa; hutupwa mguu unapoweza kusimama. Ikiwa mizani itaondolewa, basi ile ya jeshi iwe ya mwisho kabisa, na isiondolewe kabla Mrundi yeyote, akikutana na askari njiani usiku, hajaweza kumpita bila kujiuliza amezaliwa na nani.