Skrini Tatu na Macho ya Nahodha

Nahodha aingiaye bandari ya Mkoani, Pemba, hulitazama gati, wala hakisahau kisiwa cha Makoongwe kilichopo ubavuni. Ajifunzaye unahodha kwa kompyuta naye hana budi kuviona vyote viwili.

Skrini moja yenye upana wa sentimita 60, ikitazamwa kutoka umbali uo huo, humfunulia nyuzi 53 tu. Tatu zikipangwa katika mstari mmoja hufunua 113. Za pembeni zikigeuzwa zimwelekee, kila moja kwa umbali ule ule, hufikia 159. Lakini kompyuta nayo lazima ichore kila skrini kwa pembe yake. Isipofanya hivyo, Makoongwe hutanuka, na mwanafunzi huzoea kukadiria umbali usio wa kweli.