Uwezekano wa kukamata Pokémon

Uwezekano wa kukamata Pokémon ni hesabu inayofanyika ndani ya michezo ya video ya Pokémon ili kuamua kama kiumbe wa porini atabaki ndani ya mpira aliorushiwa au atauvunja na kutoka. Hesabu hiyo hutegemea hasa mambo manne: kiwango cha kukamatwa cha aina ya kiumbe, uhai uliombakia, hali ya mwili wake (kama vile usingizi au kupooza) na aina ya mpira uliotumika. Jambo la kwanza limewekwa na watengenezaji na halibadiliki. Matatu yaliyobaki yako mikononi mwa mchezaji.

Historia

Michezo ya kwanza, Pokémon Red na Pokémon Green, ilitolewa nchini Japani tarehe 27 Februari 1996 kwa ajili ya mashine ndogo ya mkononi iitwayo Game Boy. Ilitengenezwa na kampuni ya Game Freak na kuuzwa na Nintendo. Mwanzilishi wake, Satoshi Tajiri (jina lake la ukoo ni la Kijapani na halihusiani na neno la Kiswahili "tajiri"), alikuwa na mazoea ya kukusanya wadudu utotoni, na mchezo ulizaliwa kutokana na mapenzi hayo. Tangu toleo hilo la kwanza mchezaji hupewa kazi ya kukamata viumbe wengi awezavyo na kujaza orodha yao. Hapo mwanzo walikuwa aina 151. Kwa hiyo kukamata si jambo la pembeni katika mchezo huu. Ndilo mchezo wenyewe.

Kiumbe akiishiwa uhai kabisa huzimia, na aliyezimia hakamatiki. Hapo ndipo ugumu ulipo. Kadiri anavyodhoofishwa ndivyo anavyokamatika kwa urahisi, lakini pigo moja la ziada huharibu kila kitu. Kwa viumbe wa kawaida hasara ni ndogo, kwa kuwa mwingine wa aina hiyo atapatikana kwenye nyasi zilezile. Kwa viumbe wa pekee kama Mewtwo, ambaye katika michezo ya kwanza yuko mmoja tu mwishoni mwa pango, akizimia ameondoka moja kwa moja. Ndiyo maana wachezaji wazoefu huhifadhi mchezo wakiwa wamesimama mbele ya kiumbe wa namna hiyo, kabla ya kumsemesha. Mambo yakienda vibaya, mashine huzimwa na pambano huanza upya. Hakuna mbinu nyingine inayookoa zaidi ya hii, na haina hesabu yoyote ndani yake.

Kiwango cha kukamatwa

Kila aina ya Pokémon imepewa namba kati ya 3 na 255. Namba kubwa ina maana ya kukamatika kwa urahisi. Pidgey, Rattata, Caterpie na Magikarp wana 255. Pikachu ana 190. Viumbe ambao mchezaji huchagua mmoja wao mwanzoni mwa safari wana 45, Chansey ana 30, Snorlax ana 25, na Mewtwo ana 3, sawa na ndege watatu Articuno, Zapdos na Moltres.

Namba hii haionyeshwi popote kwenye kioo. Wachezaji waliijua baada ya watu kuchambua programu ya mchezo, na kabla ya hapo walikisia tu.

Jinsi hesabu inavyofanyika

Katika michezo ya kizazi cha tatu na cha nne (kuanzia Ruby na Sapphire za mwaka 2002 hadi Diamond na Pearl na matoleo yaliyofuatana nayo), mchezo huchukua kiwango cha kukamatwa, hukizidisha kwa namba ya mpira na namba ya hali ya mwili, kisha kwa sehemu inayotokana na uhai. Uhai ukiwa kamili, sehemu hiyo ni 1/3. Ukiwa nusu, ni 2/3. Ukikaribia sifuri, hukaribia 1. Kwa hiyo kumpunguzia kiumbe uhai hadi chini kabisa huongeza nafasi mara tatu, wala si zaidi.

Jibu likifika 255 au kupita, kiumbe amekamatwa bila shaka. Likiwa chini ya hapo, mchezo hupiga bahati nasibu hadi mara nne, na kiumbe lazima ashindwe zote nne. Kutikisika kwa mpira kunakoonekana kwenye kioo ndiko matokeo ya bahati nasibu hizo: akishinda ya kwanza mpira hautikisiki hata mara moja, na akitoka baada ya mitikisiko mitatu ameponea kwenye ile ya mwisho. Namba zimepangwa kwa namna ambayo bahati zote nne zikiunganishwa, uwezekano unakuwa takribani sawa na lile jibu kugawanywa kwa 255. Mtu anaweza basi kuacha hesabu ndefu na kukumbuka mgawanyo huo tu.

Tumchukue Snorlax, mwenye kiwango cha 25. Akiwa na uhai kamili na akirushiwa mpira wa kawaida, yaani Poké Ball, jibu ni kama 8, na uwezekano ni karibu 3 katika 100. Akipunguzwa uhai hadi kubaki kidogo sana, jibu linapanda hadi karibu 25, sawa na 10 katika 100. Mpira ukibadilishwa kuwa Ultra Ball, ambao namba yake ni 2, inakuwa karibu 20 katika 100. Akilazwa usingizi juu ya hayo yote, inafika 39 katika 100. Ni kiumbe yuleyule na kiwango chake ni kilekile. Aliyerusha mipira kumi ovyo na kukata tamaa hakukosa bahati. Aliruka hatua tatu.

Kwa Mewtwo hali ni ngumu zaidi. Akiwa na nguvu zake zote, Poké Ball moja ina nafasi 1 katika 255. Akiwa hoi, amelala, na kwa Ultra Ball, jibu la karatasini ni karibu 12 (mchezo hukata desimali njiani, kwa hiyo halisi ni pungufu kidogo), yaani chini ya 5 katika 100 kwa kila mpira. Anayekumbuka hesabu za uwezekano za sekondari atatambua kwamba mipira 20 haimaanishi kupata kwa hakika, kwa sababu kila mrusho huanza upya na mpira hauna kumbukumbu ya uliotangulia. Hata kwa mipira 30 ya namna hiyo, karibu mchezaji mmoja kati ya wanne ataimaliza mkononi bila kumpata. Kwa upande mwingine, mipira 30 ya kawaida kwa Mewtwo mwenye uhai kamili humpa mchezaji nafasi ya karibu 11 katika 100 tu.

Hali ya mwili

Usingizi na kuganda kwa barafu huzidisha nafasi mara 2 katika vizazi hivyo viwili, na mara 2.5 kuanzia kizazi cha tano. Kupooza, sumu na kuungua huzidisha mara 1.5. Hali hizi hazijumlishwi, kwa kuwa kiumbe hubeba moja tu kwa wakati mmoja.

Usingizi ndio bora kwa namba, lakini una kasoro kwamba kiumbe huamka. Kupooza hakuishi chenyewe, kwa hiyo katika pambano refu wengine hukipendelea. Sumu na kuungua hutoa idadi sawa na kupooza, ila hula uhai kila zamu na mwishowe humzimisha kiumbe ambaye mchezaji anataka kumhifadhi. Ni chaguo la mwisho kabisa.

Kwa kupunguza uhai, shambulio linaloitwa False Swipe hutafutwa sana, kwa kuwa kamwe haliui. Humwachia kiumbe angalau pointi moja ya uhai. Mchezaji mwenye mpiganaji anayejua False Swipe pamoja na Spore, shambulio la kulaza usingizi ambalo kwa kawaida halikosei, amebeba vifaa viwili kwa mtu mmoja. Lakini False Swipe haiwagusi viumbe wa aina ya mizimu.

Wapo pia wanaojidhuru wenyewe. Beldum, mwenye kiwango cha 3, katika vizazi hivyo viwili hujua shambulio moja tu porini, Take Down, ambalo humrudishia mwenyewe sehemu ya maumivu kila linapompata adui. Mchezaji asiye na habari huangalia akiishiwa uhai mbele ya macho yake huku yeye akirusha mipira. Dawa yake ni kumweka mbele mpiganaji wa aina ya mzimu: Take Down humpitia bila kumgusa, na Beldum hapati maumivu. Geodude na Voltorb nao huweza kujilipua, na hapo pambano limekwisha.

Mipira

Poké Ball ina namba 1, Great Ball 1.5, Ultra Ball 2. Master Ball hukamata daima, na kwa kawaida mchezaji hupewa mmoja tu katika safari nzima. Katika Red na Blue hutolewa na mkuu wa kampuni ya Silph baada ya mchezaji kuwafukuza majambazi waliovamia jengo lake.

Bei ni jambo la kutazama. Katika michezo ya vizazi vya mwanzo Poké Ball iliuzwa 200, Great Ball 600 na Ultra Ball 1200. Mnunuzi wa Ultra Ball hulipa mara sita kwa nafasi iliyoongezeka mara mbili. Kumlaza kiumbe usingizi huleta ongezeko hilohilo bila kulipa kitu. Hata hivyo mpira wa bei nafuu huhitaji zamu nyingi, na kila zamu kiumbe huweza kuamka, kukimbia au kumwangusha mpiganaji wa mchezaji.

Mipira maalumu mara nyingi hushinda Ultra Ball mahali pake. Net Ball huzidisha mara 3 kwa viumbe wa maji na wadudu. Dusk Ball, iliyoanza kizazi cha nne, huzidisha mara 3.5 usiku na mapangoni, na kwa kuwa viumbe wengi wa pekee hukaa mapangoni, faida yake ni kubwa. Kuanzia kizazi cha saba namba hizo mbili zilibadilishana: Net Ball 3.5 na Dusk Ball 3. Quick Ball hufanya kazi katika zamu ya kwanza tu, mara 4 na baadaye mara 5, na huwafaa wale wanaokimbia upesi kama Abra. Timer Ball ni kinyume chake: huongezeka nguvu pambano linavyorefuka.

Makosa ya michezo ya mwanzo

Kizazi cha kwanza kilikuwa na hesabu nyingine kabisa. Humo uhai ukishashuka hadi theluthi moja, kuupunguza zaidi hakusaidii kitu tena, isipokuwa kwa Great Ball, ambayo kikomo chake ni nusu. Usingizi nao ulikuwa na nguvu isiyo ya kawaida: Mewtwo aliyelala, uhai ukiwa chini ya theluthi, hukamatwa na Ultra Ball kwa karibu mara 19 katika 100.

Kizazi cha pili, yaani Gold na Silver, kilitoka na hitilafu. Sumu, kuungua na kupooza havikuongeza chochote, ingawa watengenezaji walikusudia viongeze. Love Ball, iliyokusudiwa kwa viumbe wa jinsia tofauti, ilifanya kazi kwa wale wa jinsia moja.

Imani ya kubonyeza vitufe

Tangu miaka ya 1990 watoto wa nchi nyingi wameamini kwamba kushikilia kitufe cha A au B, au cha chini, wakati mpira unatikisika humzuia kiumbe asitoke. Katika michezo mikuu ya Pokémon jambo hilo halina athari yoyote. Imani imedumu kwa sababu mara nyingine kiumbe hukamatwa kweli huku kitufe kimebonyezwa, na mara hizo ndizo zinazosimuliwa.

Pokémon GO

Katika Pokémon GO, mchezo wa simu uliotolewa na Niantic mwezi Julai 2016, mkono wa mchezaji una uzito wake. Hakuna pambano la kumdhoofisha kiumbe wa kawaida barabarani. Badala yake mpira unaorushwa kwa kuzungushwa huzidisha mara 1.7, tunda la Razz mara 1.5 na la dhahabu mara 2.5. Mduara wa rangi unaomzunguka kiumbe huonyesha ugumu wake, kuanzia kijani kwa aliye rahisi hadi nyekundu, na mpira ukiangukia ndani ya mduara uliosinyaa sana nafasi hukaribia kuongezeka maradufu. Katika mapambano ya pamoja dhidi ya viumbe wa pekee, mchezaji hupewa mipira michache iliyohesabiwa, na kila urushaji mbaya hupunguza akiba hiyo.