Kiti cha rekta: nani anakupa, nani anaweza kukunyanganya?

Kila mara radio inaposoma majina ya wakubwa wapya wa iniversite, simu zinaanza kulia. Huku wanacheza, kule wananuna. Kiisha siku mbili tatu, swali lingine linazuka: yule aliyetia sahihi kwa ile karatasi, alikuwa na haki ya kuitia? Hapa kwetu swali hili linabakia mara nyingi kwa midomo ya watu. Kwa jirani zetu wa Kenya lilifika mbele ya waamuzi, na tunaona iko la kutufundisha.

Tukumbuke. Mwanzo wa 2020, Iniversite ya Nairobi ilipata kiongozi mupya, Profesa Stephen Kiama, munganga wa nyama. Hakuokotwa njiani. Komisheni ya kazi za Serikali iliwahoji waliotaka kile kiti, kiisha Baraza la iniversite likamutangaza. Lakini tarehe 17 Januari, waziri wa Masomo, marehemu George Magoha, alifuta ile kazi aliyopewa, akavunja Baraza, na kumuweka Profesa Isaac Mbeche kushika kiti kwa muda. Na Magoha hakuwa mugeni pale: yeye mwenyewe aliongoza iniversite ile toka 2005 mupaka 2015.

Kisa kilikuwa nini? Sheria ya Kenya inasema waziri njo anateua, lakini kwa kupendekezewa na Baraza, kiisha mashindano ya wazi. Waziri aliona kama Baraza limemuruka. Upande wa Kiama waliona kama mutu aliyeshinda mashindano hawezi kufukuzwa kwa karatasi moja, pasipo kusikilizwa.

Kiama hakuenda kulalamika kwa magazeti tu. Alienda kwa tribinali ya kazi. Kwa siku chache, tribinali ikasimamisha uamuzi wa waziri. Tuangalie vizuri neno hili: kusimamisha. Mwamuzi hakusema bado nani iko na haki. Alisema tu: ngojeni kwanza, mambo yabakie vile yalikuwa, sababu tukichelewa, hasara haitapona tena. Mwishowe Kiama alibakia kwa kiti na akaongoza kwa miaka. Mwaka 2024 ugomvi mwingine, mara hii na Baraza, ukamurudisha tena mbele ya waamuzi.

Na kwetu? Marekta wa iniversite za Serikali, kama vile Kinshasa, Lubumbashi na Kisangani, wanawekwa kwa ordonansi ya Raisi. Lakini tumeona mara nyingi waziri wa Masomo ya juu anamusimamisha rekta kwa arete na kuweka mwingine "kwa muda". Ule muda unaweza kurefuka. Hapa waju wa sheria wanatukumbusha kanuni moja nyepesi: aliyekupa kazi njo anaweza kukutosha, na kwa karatasi ya namna ileile. Arete haiko na nguvu ya kufuta ordonansi.

Mwenye kuona ameonewa iko na mlango. Katiba ya 2006, kwa kifungu cha 155, inapatia Conseil d'État haki ya kuhukumu matendo ya wakubwa wa Serikali ya katikati yanayovunja sheria. Wazo lilikuwa ndani ya Katiba, lakini sheria ya kupanga tribinali hizi ilitoka 2016 tu. Mbele ya kufika pale, unapashwa kwanza kumuandikia yule aliyetia sahihi, umuombe ageuze uamuzi wake. Siku zinahesabiwa. Ukilala, mlango unafungwa, hata kama haki ni yako. Na kama mambo yanabana, avoka wako anaweza kuomba karatasi isimamishwe kwanza, sawa vile Nairobi.

Muzazi mumoja anaweza kuuliza: ugomvi wa maprofesa unanigusa wapi, mimi mwenye kuuza makala ili mutoto asome? Unakugusa. Wakubwa wawili kwa kiti kimoja, banki haijui isikilize sahihi gani. Mishahara inachelewa. Wafanyakazi wanagawanyika, huyu wa wa zamani, huyu wa wa mupya. Na mutoto aliyemaliza anaogopa: kama ile kazi ya rekta inafutwa, diplome yangu inakufa? Hapa tumutulize. Sheria tuliyorithi kwa Wabeleji inalinda mutu aliyepokea karatasi kwa nia njema, kwa mikono ya mukubwa ambaye watu wote walimuona kama mukubwa. Kiti kinaweza kuanguka pasipo diplome kuanguka. Lakini kumueleza ile mwenye kuajiri, mbele hukumu haijatoka, ni kazi.

Sisi hatusemi waamuzi njo wachague marekta. Kazi yao ni kuangalia kama njia ilifuatwa. Na njia ikiwa wazi, nafasi ikitangazwa, watu wakihojiwa, sahihi ikitoka kwa mwenye haki, hata aliyeshindwa atapata haya ya kwenda kushitaki. Ila mambo yakipangwa usiku, tusishangae asubui kukuta marekta wawili kwa bureau moja, na wanafunzi inje, wanangoja nani awafungulie auditoire.